Jina la Delmar kwenye Kanda

Baton Rouge, 9 Machi 1998

Mama,
Shikamoo. Goti linaendeleaje? Mimi mzima. Hapa studio tunatoa albamu kama mikate. Ya huyu haijapoa, ya yule imeshaingia jikoni. Sasa ni zamu yangu. Jalada limekamilika: wamenikalisha kwa kompyuta kwenye kiti cha dhahabu ambacho sijawahi kukiona, vito vinang'aa kila kona. Utacheka! Kuna wimbo wa kaka Alcide. Nimesema yote, mpaka jina la aliyemuua.
Mwanao, Renard

New Orleans, 14 Machi

Mwanangu,
Marahaba. Goti ni lile lile. Sikucheka. Umemtaja Delmar Guidry? Polisi walimwachia kwa kukosa shahidi, wewe unamtangaza mji mzima? Anakaa mtaa wa pili kutoka hapa! Nimeshazika mmoja. Mwambie bosi wako alifute hilo jina. Nijibu upesi.
Mama yako

Baton Rouge, 20 Machi

Mama, shikamoo.
Hujambo lakini? Nimemwomba bosi. Kanicheka: "Dogo, hilo jina ndilo litakalouza." Kanda zimeshanakiliwa, Jumanne ziko madukani. Nenda Houston kwa shangazi Odile, tafadhali. Nisamehe.
Mwanao

Baton Rouge, 2 Aprili

Mama, mbona kimya? Shangazi anasema hukufika. Simu yako haiiti. Nakuja Jumamosi ijayo.
Renard

New Orleans, 3 Aprili

Mwanangu Renard,
Mimi mzima, usihangaike. Simu imekatwa tu. Houston sikwenda, siwezi kuikimbia nyumba aliyokulia Alcide.

Jumanne ile kila gari lilipita na wimbo wako, vioo vya dirisha vikatetemeka. Mpaka jana nikachoka kungoja. Nikaenda mwenyewe kugonga kwa kina Guidry. Akafungua Delmar. Amekonda huyo!

Nikamwambia, "Mwanangu wa pili umwache."

Akanitazama sana. "Bi Earline, mama yangu ameusikia wimbo. Amenifungashia nguo, hataki kuniona. Hebu ongea naye."

Mimi! Nikamsikia mama yake akilia ndani. Basi nikapita, nikakaa naye kitandani. Alinishika mkono mpaka ukafa ganzi.

Nilipotoka, Delmar hayupo. Begi hakuna. Majirani wanasema alikuwa akiuliza basi la Baton Rouge.

Usije huku. Ondoka hapo studio leo hii, halafu uniandikie ulipo.
Mama yako