Mashine Inayokumbuka Siku Tisa

(Kutoka daftari langu la zamani, nilipokuwa mpiga chapa mjini Shinyanga. Ninanakili hapa kama nilivyoandika.)

Ijumaa, Septemba 1999

Joto la leo halina adabu. Vumbi limeingia mpaka chini ya kitambaa cha kufunikia kompyuta. Sasa jua linashuka, nipo nyumbani, naandika ili nitulie.

Nianze na ujinga wangu. Wiki nzima nimekuwa nikibaki dukani ninakopiga chapa saa ya chakula, nasoma kwenye intaneti habari za wanaume wasiopata watoto. Nikimaliza nazima kompyuta, naifunika kitambaa chake, naamini yamekwisha. Nilidhani ni kama redio, ukizima umezima.

Daktari wa hospitali ya Kolandoto aliniambia mimi sina tatizo, nirudi na mume wangu. Huu ni mwezi wa nne sijamwambia Shija. Ningeanzaje? Tuna miaka sita ya ndoa, ng'ombe wa mahari walishatolewa, na Jumapili hii wazee wa ukoo wake wanakaa kikao Kishapu kuzungumzia mke wa pili. Mayu, mama yake, ameshamwona binti. Shija ananyamaza tu, na mimi ukimya huo nimeuchukua kuwa ni kukubali.

Jana ndipo nilipojua kuwa mashine haisahau. Bwana Rajabali, mwenye duka, aliandika herufi mbili tu akitafuta bei ya pamba, ikajimalizia yenyewe kwa anwani ya hospitali ya Ulaya niliyoifungua mimi Jumatano. Yeye aliifuta akaendelea na yake. Lakini mpwa wake, Imrani, alikuwa amesimama nyuma.

"Ee, dada Kabula!" akacheka. "Kesho nikitoka msikitini nafungua orodha yote, tujue nani anaumwa humu."

Hatanii huyo. Mwezi uliopita aliwatangazia watu pale kijiweni kwenye kahawa kwamba karani mmoja wa pamba anatafuta mchumba wa Kizungu. Yule karani mpaka leo anapita njia ya nyuma. Na Shija ni mwalimu, anafundisha watoto wa watu wa kijiwe hichohicho.

Leo walipoondoka kwenda kuswali, nilirudishia mlango nikakaa kwenye mashine. Ile programu ya kufungulia intaneti ina mahali pa kupangia mambo yake, Kiingereza kitupu, nikawa nasoma huku nafuata kwa kidole. Palipouliza ikumbuke siku ngapi, palikuwa pameandikwa tisa. Siku tisa! Kila ukurasa, na tarehe yake, na saa yake. Nikaifungua orodha ili nitoe za kwangu tu, mojamoja, bei za pamba na mpira wa Imrani vibaki palepale asishtuke.

Nikatoa za Jumatano, nikatoa za Jumanne. Nikatoa za Jumatatu.

Nikafika Jumamosi, nikakuta kurasa nne za jambo lilelile, ambazo mimi sijawahi kuzifungua.

Jumamosi nilikuwa Kishapu msibani. Siku hiyo duka hufungwa mchana, na Bwana Rajabali humwachia Shija ufunguo aje asome magazeti kwenye intaneti. Shija peke yake. Ukurasa wa kwanza aliufungua saa nane, wa mwisho saa kumi na moja. Gazeti hakufungua hata moja.

Nililia, sifichi. Nilililia yale masaa matatu aliyokaa pale bila mtu, halafu jioni akaja kunipokea stendi na kuniuliza msiba ulikuwaje.

Nikasikia watu wanapita barabarani, swala imekwisha. Ningeweza kuzima tu nikimbie. Badala yake nikauchapa ule ukurasa wake wa mwisho, unaosema mengi ya haya yana dawa. Printa yetu inapiga kelele kama mashine ya kusaga, na kila mstari nilihisi Imrani yuko mlangoni. Nikaukunja, nikaufunga kwenye pindo la kanga. Kisha pale kwenye tisa nikaandika sifuri, nikafuta kila kitu, cha kwangu, cha Shija, cha wote.

Imrani aliingia akaenda moja kwa moja kwenye mashine.

"Nani kafuta?"

"Mimi. Na kuanzia leo haitatunza kitu cha mtu." Sauti ilinitoka kubwa kuliko nilivyotaka.

"Anko, umemsikia huyu?"

Bwana Rajabali alivua kofia yake, akaiweka mezani. Niliona kazi yangu inaondoka. "Yule karani wa pamba alikuwa analeta barua za kuchapa kila wiki," alimwambia mpwa wake. "Sasa anazipeleka kwa nani? Iache kama dada alivyoiweka."

Nimerudi nyumbani nimelishika pindo la kanga njia nzima.

Sasa Shija yuko nje kwenye benchi, anasahihisha madaftari ya Kidato cha Pili. Ule ukurasa nimeuchomeka katikati ya daftari la tatu kutoka chini. Mimi ni mwoga, nilishindwa kumpa mkononi. Ninachotaka ni kimoja, Jumapili tukiingia mbele ya wazee, mimi na yeye tuwe tunajua jambo moja, kisha wao waseme watakayo.

Au nimemwaibisha? Vipi kama atainuka aondoke?

Yamebaki madaftari matano. Anaandika taratibu leo.

Manne. Matatu.

Amelifungua. Kalamu yake imesimama. Anasoma mpaka mwisho, anarudia juu.

Hajainuka. Ameyaweka madaftari yote chini, mavumbini, yeye ambaye huwagombeza wanafunzi kwa doa moja la vumbi. Amesogea mpaka ukingoni mwa benchi, nafasi ya mtu mmoja iko wazi, na anatazama huku mlangoni nilipo.

Naweka kalamu.