Nukta Isiyo Kwenye Jedwali

2 Machi

Kwa binti yangu,

Hujambo mama? Bibi yako anaendeleaje? Mimi mzima, ukiacha mgongo na yale meno mawili.

Hapa machimboni tumepewa shimo la zamani tulifufue. Halionyeshi mwisho, giza linameza tochi. Nyapara akauliza nani anajua hesabu. Mluzi, mwenzangu wa chumbani anayepiga mluzi hata akila, akapaza sauti: "Profesa huyu hapa!" Basi nikajaribu kwanza kwenye shimo jipya la choo, mita tano kamili. Nikadondosha jiwe nikihesabu sekunde: moja, chini. Kwenye lile la zamani: moja, mbili, tatu, nne, ndipo likalia. Nne mara tano, ishirini. Nyapara amekata kamba ya mita ishirini. Winchi ikishafungwa Mluzi atatangulia kushuka, halafu mimi.

Elimu yangu ya darasa la sita imenipa heshima! Nyinyi mnasoma nini siku hizi?

Baba yako

9 Machi

Shikamoo baba,

Sisi wazima, bibi anakusalimu. Nakuandikia mbio.

Msishuke. Tunasoma grafu ya kipeuo cha pili, na mwalimu ametupa mfano wa jiwe linaloanguka. Unachukua mita, unagawa kwa tano, unatafuta kipeuo cha pili, unapata sekunde. Mita 5 ni sekunde 1. Mita 20 ni 2. Mita 45 ni 3. Mita 80 ni 4.

Weka nukta kwenye karatasi ya miraba, mita kwa mlalo, sekunde kwa wima, ukianzia sifuri. Utaona haziendi moja kwa moja. Zinapanda, kisha zinazidi kulala, kwa sababu jiwe huzidi kukimbia kadiri linavyoshuka. Usiziunganishe kwa rula. Mimi nilifanya hivyo nikakosolewa. Pitisha mkono taratibu. Ukitaka namba isiyo kwenye jedwali, isome kwenye mstari.

Baba, nne yako si ishirini. Ni themanini. Mwambie nyapara. Mwambie Mluzi. Nijibu hata neno moja.

Mwanao

4 Aprili

Binti yangu,

Hujambo? Bibi je? Mimi nipo. Unisamehe kwa kukaa kimya.

Barua yako ilifika Ijumaa. Mluzi alishuka Jumatano.

Tulimteremsha akipiga mluzi wake. Kamba ikaisha, akaita, "Profesa, mbona miguu haigusi?" Taa yake ilikuwa imezimwa na maji yanayodondoka. Nikamjibu, "Imebaki hatua tu, wewe ruka!" Akacheka. Akajifungua kamba.

Sikukusudia kuhesabu. Mdomo ulikuwa umeshazoea. Moja, mbili, tatu, na nusu.

Nyapara amewaambia ndugu za Mluzi kwamba aliteleza. Hakunitazama aliposema hivyo, wala mimi sikumsahihisha.

Nimeichora grafu yako kwa mkaa ukutani, juu ya kitanda cha Mluzi. Nimeweka nukta zote, nikapitisha mkono bila rula. Tatu na nusu haimo kwenye jedwali lako, nikaisoma kwenye mstari: kama mita sitini. Nikaongeza ishirini za kamba. Umepata, mama. Mwambie mwalimu wako umepata.

Jana imekuja barua ya mama yake Mluzi. Wenzangu wamenipa mimi niijibu, eti mimi ndiye msomi. Anauliza kitu kimoja tu: kama mwanawe aliteseka kwa muda mrefu.

Hilo nalijua.

Baba yako