Uyoga wa Bi Mwanaidi

Bagamoyo, Jumanne

Ile marahaba yake bado inanichoma.

Nilipomwomba Bi Mwanaidi, mkubwa wa chama chetu cha siri, uyoga wa kuishona upya siku aliyozama mume wangu, ili asizame, alisema, "Umekwisha, mwanangu." Kumbe kauotesha uvunguni mwa kitanda chake, kaishona siku ya harusi ya bintiye, pilau lilipoungua. Sasa mji mzima unakumbuka pilau tamu; sisi wa chama tu ndio tunaokumbuka lililoungua!

Leo nimemwamkia kwa adabu zote, naye akaitikia marahaba kama hana kosa. Alipokwenda kuswali alasiri, nikaumwagia uyoga wake maji ya bahari. Uyoga mmoja hushona siku moja tu; ukionja chumvi, siku iliyoshonwa hufumuka.

Wakijua ni mimi, watanifukuza chamani. Na wanifukuze.

Kesho yeye ataamka na aibu ya pilau lake. Mimi nitaamka mjane, kama leo.