Nimemdanganya Mama Mkwe Mahali Panaponiuma

Mpendwa mshauri, naomba msaada maana mwenzio nimekwama, mimi ni seremala, na wiki tatu zilizopita nilikuwa nimebeba kabati la milango mitatu kulipandisha ghorofani, nikasikia kitu kimeachia huku chini, pale paja linapoungana na tumbo, nikaona nyota mchana kweupe, na tangu siku hiyo nikikohoa panatokeza kivimbe kama limao, nikilala chali kinarudi ndani.

Mke wangu akanipeleka zahanati, sasa mshauri, anayeandikisha wagonjwa pale mlangoni ni mama yake mzazi, mama mkwe wangu, mtu ambaye hata kumsalimia namsalimia macho yakiwa chini, na benchi limejaa watu, akashika kalamu akaniuliza, "Baba, unaumwa wapi?" Neno lenyewe nalijua, ni kinena, lakini kwetu tulikua tukilinong'ona, ukilitaja sebuleni unatolewa nje, basi nikajikuta nasema, "Kiuno, mama."

Kiuno kikaandikwa, daktari akaniminyaminya mgongo, akanipa dawa ya kuchua, na mama mkwe kwa upendo wake amechukua likizo akahamia kwetu, kila jioni ananiwekea chupa ya maji ya moto mgongoni na kuniuliza, "Afadhali, baba?" nami najibu, "Afadhali sana, mama," huku nimeuma mto. Juzi nimemsikia anawaambia majirani kwamba mkwe wake anapona kwa mikono yake, na kivimbe ndiyo kwanza kinanenepa. Nikisema ukweli nitaonekana mwongo, tena mwongo mwenye matusi. Nifanyeje?

Seremala Mwenye Haya

Seremala,

Pole kwa maumivu. Kwa uongo sikupi pole.

Nani alikudanganya kuwa kinena ni tusi? Ni sehemu ya chini kabisa ya tumbo, chini ya kitovu na juu ya sehemu za siri, mpaka kwenye mikunjo ya mapaja. Imepakana na sehemu za siri, basi. Ujirani si kosa. Kiuno ni pale unapofunga mkanda. Wewe ubao ukipungua inchi moja unaukataa, halafu daktari umemwelekeza mtaa wa pili na unashangaa hajafika kwako!

Na huyo mama unayemwonea haya, kazi yake ni kuandika maradhi ya watu. Kabla ya chai ya saa nne ameshaandika bawasiri mbili na jipu la makalio. Kinena chako kitamshtua nini?

Sasa nisikilize. Kivimbe kinachotoka ukikohoa na kurudi ukilala kinafanana na ngiri, na hiyo haichuliwi wala haikandwi. Usibebe hata stuli. Leo hii mwambie mkeo ukweli wote, yeye ndiye amfikishie mama yake, hayo ni mazungumzo ya mtu na mzazi wake. Kesho asubuhi rudi kwa daktari, mwambie "kinena", na ukishikwa na kigugumizi weka kidole penyewe. Lakini kivimbe kikigoma kurudi ndani, kikiuma vikali, au ukianza kutapika, usingoje kesho: hospitali, saa hiyo hiyo.

Mama mkwe atanuna siku mbili tatu. Mwache anune, wewe uko hai.