Mashine ya Mpini kwa Paa la Ulemo

Baba Elia,

Barua huanza kwa kuuliza hali. Yako naijua, na juzi tumekuongezea udongo hapo kaburini ulipolala, maana mvua zilizopita ziliushusha ule wa mwanzo. Sisi tupo. Elia anaota meno, hataki kulala, na mimi nimechoka mpaka nywele.

Ila kilichonikalisha nikuandikie ni mambo ya ofisini. Tangu uondoke nimekalia kiti chako pale ofisi ya ujenzi, napiga hesabu za nguzo na miti ya paa kama ulivyonifundisha mezani kwetu. Sasa tumeletewa mashine mbili za kukokotoa, tuzijaribu, tubaki na moja. Moja ya umeme, kubwa, inang'aa. Nyingine ya kuzungusha mpini, kama ile yako iliyokatika meno. Wanaume wote wakaitaka ya umeme. Nikasema, jamani, umeme wa mji huu si unawashwa jioni? Mtaniweka hapa mpaka usiku na mtoto wa kunyonya? Mwenyekiti wa kamati akanicheka: "Mama Elia, mpini ni mambo ya ukoloni. Nchi inakwenda mbele, wewe unazungusha!" Nikamjibu, "Nenda mbele, Ndugu, lakini mchana utaiendesha kwa pumzi?"

Ghala la nafaka la kijiji cha Ulemo linasubiri hesabu, watu wakate nguzo kabla ya mvua zijazo, na wao wanabishania mng'ao!

Siku ya majaribio wakaja asubuhi na mashati ya pasi. Wakachomeka waya. Wakabonyeza. Kimya. "Tusubiri kidogo," akasema Mwenyekiti. Tusubiri jua lizame? Nikamfunga Elia mgongoni, nikaanza kuzungusha hesabu ya Ulemo. Kengele ya mashine ikalia, nikarudisha mzunguko mmoja kama ulivyozoea kuniambia: "Imezidi hiyo, rudi." Elia akanyamaza, akalala. Alikuwa akilala hivyo hivyo wewe ukifanya kazi. Hapo tarakimu sikuziona tena kwa muda.

Basi, wamechagua ya mpini. Na unajua Mwenyekiti kaieleza vipi mkutanoni? Eti ndiyo Kujitegemea kwenyewe! Wiki iliyopita ilikuwa ukoloni. Nikainamia daftari langu, najua ungenikanyaga mguu chini ya meza.

Yameisha? Wapi! Sasa wanataka nipunguze miti, paa nilihesabie udongo wa mwaka huu tu. Kama vile hawakuzaliwa kwenye tembe, chini ya paa la udongo! Paa likivuja, nani kwetu huondoa udongo? Tunaongeza juu yake, kila mwaka. Wewe ulikuwa ukisema, "Weka na ule ambao bado hawajaupandisha." Nitauweka, Baba Elia. Waninunie wanavyotaka. Chini ya paa lile wataingia watu na mtama wao, na siku moja huenda Elia akawa mmoja wao.

Pumzika sasa. Mvua ikishusha tena udongo wako, nitakuja na jembe, mwanao mgongoni.

Mama Elia