Simbi ya Saba

Bariadi, Jumapili 18 Mei 2025
Asubuhi ya baridi, upepo wa vumbi kutoka upande wa Maswa, hakuna wingu.

Mdogo wangu Danford,

Mwangaluka. Natumaini u mzima huko Dar. Sisi wazima, isipokuwa baba, ambaye mkono wa kulia haujanyanyuka tangu kiharusi cha Februari. Hukuuliza, lakini nakujibu. Barua hii nampa kondakta wa basi, maana ujumbe wa simu huwa unaujibu kwa picha ya kidole gumba.

Ulinitumia mchezo wako wa simu ukasema nimwonyeshe baba. Kwanza niliucheza mwenyewe siku tisa, kila jioni nikitoka ghalani, daftari likiwa pembeni. Kazi yangu ni kutenganisha pamba safi na pamba fifi, kwa hiyo kutafuta kitu kidogo ndani ya takataka nyingi si jambo geni kwangu.

Hatua mbili za kwanza ni za watoto wa chekechea. Ya tatu umeiita Shamba la Mzee. Panzi anaruka matuta, na kila ngoma inapogonga lazima niguse kioo; nikichelewa anaanguka. Umeficha simbi saba, zile kauri ndogo. Nimeokota sita: nyuma ya kichuguu, ndani ya mabua ya mtama, chini ya tumbo la ng'ombe (ng'ombe wako ana miguu ya mbuzi), juu ya paa la kihenge, kwenye kibuyu kilichopasuka, na moja umeiweka mgongoni mwa kunguru ukadhani sitaiona. Ya saba iko ng'ambo ya mtaro mpana, na haifikiki.

Jana nilimwekea baba simu sikioni asikie ngoma hiyo. Alisikiliza hadi mwisho, kisha akauliza kwa taabu, "Huyo anayepiga ni nani?"

Nikamwambia ni yeye mwenyewe, Krismasi ya 2023, siku uliyomrekodi uwanjani. Akatikisa kichwa.

"Huyo hajawahi kulima."

Umeifanyia nini ngoma yake? Mkono umekufa, hatapiga tena, na hiyo uliyonayo ndiyo pekee iliyobaki duniani. Na jina lake liko wapi? Mwishoni umeandika "sauti za asili". Mashimba si chura.

Dada yako,
Kabula

*

Sinza, 27 Mei 2025

Dada Kabula,

Shikamoo. Mimi mzima. Umetaka karatasi, nimepanga foleni kwenye duka la kuchapisha nyuma ya mtu mwenye kadi za harusi mia mbili. Mpe pole baba.

Ngoma nimeitengeneza, sikuiharibu. Baba alikuwa anakosea. Anakwenda vizuri, halafu ghafla anaruka pigo, anashika kijiti hewani kama aliyesahau alikuwa anafanya nini. Ni umri, simlaumu. Mwenzangu Constantine, anayeshughulikia sauti, alihesabu mapengo thelathini na moja, akayajaza yote kwa mapigo ya baba mwenyewe. Sasa ngoma imenyooka. Kama hakuitambua, ni kwa sababu hajawahi kujisikia akipiga bila makosa.

Orodha ya mwisho ni ya waliotengeneza mchezo. Tukianza kuandika kila aliyegonga kitu, tutamwandika na jogoo.

Kuhusu simbi ya saba, usijitese. Watu arobaini wamejaribu, hakuna aliyeipata. Ni ya wenye kipaji, siyo ya wapanga pamba. Tarehe 12 Julai tunaupeleka kwenye maonyesho, na majaji wanapenda kitu kigumu.

Mdogo wako,
Danford

*

Bariadi, Jumapili 8 Juni 2025
Asubuhi kavu, jua limetoka mapema, baridi miguuni tu.

Mdogo wangu mwenye kipaji,

Mwangaluka. Baba amekula uji wote leo. Mimi mzima, na macho yangu ni mazima vilevile.

Nimeanguka kwenye mtaro wako mara sitini na nne. Kila anguko nimeliandika: tarehe, niligusa wapi, panzi alifika wapi. Sasa nisikilize taratibu. Maelezo yako yanasema panzi akipata nafasi ya kutulia pigo moja, anapata nguvu ya kuruka mara mbili. Anatulia ngoma ikinyamaza. Ngoma yako hainyamazi popote. Kwa hiyo hatulii, hapati nguvu, na mtaro haurukiki. Nadhani ulichimba mtaro huo kwa rekodi ya kwanza, halafu Constantine akaja kunyoosha ngoma, na hakuna kati yenu aliyerudi kutazama. Hao watu arobaini hawakukosa kipaji. Mmewafungia mlango mkawaita wajinga. Jaribu mwenyewe.

Na ile si kukosea. Baba aliongoza bugobogobo, ngoma ya kulima, kijijini Kasoli miaka ishirini. Watu thelathini kwenye mstari, majembe yanapanda na kushuka kwa ngoma yake. Akiona mmoja ameachwa nyuma, anashika kijiti hewani. Majembe yote yanasimama. Aliyebaki akifika, kijiti kinashuka. Ndiyo maana hakuna mtu aliyeaibika kwenye mstari wa baba. Mimi nililima humo nikiwa na miaka kumi na miwili na nikangojwa mara nyingi. Wewe ulipelekwa bweni. Jembe ulikutana nalo kwenye picha ya kitabu. Ungeniuliza. Lakini mtu aliyesoma kompyuta amuulize mpanga pamba?

Toa hayo mapigo mliyochomeka, uandike jina lake.

Dada yako,
Kabula

*

Sinza, 17 Juni 2025

Dada,

Shikamoo. Nimejaribu siku mbili. Haurukiki.

Usianze kupiga vigelegele. Constantine hakuhifadhi rekodi ya mwanzo, na simu niliyorekodia iliibiwa. Mapigo yaliyojazwa ni nakala ya mapigo ya baba, hatuwezi kuyatofautisha. Hata tukitaka kutoa, hatujui tutoe yapi. Imebaki chini ya mwezi mmoja. Nitafukia mtaro, simbi ziwe sita, basi.

Na hiyo hadithi yako ina tundu. Krismasi ile baba alikaa kwenye kigoda, uwanja mtupu, hakuna mkulima hata mmoja. Kama hakuwa anakosea, alikuwa anamngoja nani?

Danford

*

Bariadi, Jumapili 29 Juni 2025
Asubuhi ya ukungu mwembamba, ulioondoka kabla sijamaliza kufagia.

Danford,

Mwangaluka. Sisi wazima.

Usifukie kitu. Swali lako lilikuwa zuri. La kwanza tangu umalize chuo. Nimemuuliza baba.

Nilikaa naye siku tano, asubuhi kabla ya kazi. Nilimwekea ngoma, nikamwomba ainue kidole cha mkono wa kushoto kila mahali ambapo angenyamaza. Siku ya kwanza alikasirika akasukuma simu. Siku ya pili aliinua. Siku ya tatu, ya nne na ya tano aliinua mahali palepale, bila kupishana hata pigo moja. Nimehesabu: thelathini na moja. Orodha iko nyuma ya karatasi hii, dakika na sekunde. Mtu unayesema amesahau alikuwa anafanya nini.

Ndipo nikamuuliza alikuwa anamngoja nani. Alichukua muda mrefu kulitoa neno. "Mektilda," akasema. "Ana mtoto."

Mimi nilikuwa nimesahau, na ningeweza kukumbuka, maana nilikuwepo. Msimu ule ulipokuwa bado unanyonya, mayu, mama yetu, alilima wa mwisho kabisa kwenye mstari, na wewe mgongoni. Ulikuwa mzito kama gunia na ulilia ukishushwa. Kila alipofika katikati ya tuta alilazimika kukuzungusha mbele akunyonyeshe. Mzee Kwandu alinung'unika kwamba shamba halitaisha kwa sababu ya mtoto mmoja. Baba alishika kijiti juu mpaka uliposhiba.

Mayu tumemzika miaka sita iliyopita. Baba akipiga ngoma ile bado anamngoja palepale.

Kwa hiyo hilo pengo ulilomwonea aibu, ukamtafuta mtu alizibe kwa mashine, ni muda uliopewa wewe unyonye.

Orodha usiipoteze kama ulivyopoteza simu.

Kabula

*

Bariadi, Jumapili 20 Julai 2025
Asubuhi ya upepo, anga jeupe, vumbi hadi kwenye maji ya kunywa.

Mdogo wangu Danford,

Mwangaluka. Wiki tatu hujanijibu. Tarehe 12 ilipita nikasema basi, amefukia mtaro, amepewa cheti, yuko mahali anapigwa picha.

Leo baada ya misa simu ikaniambia mchezo una toleo jipya. Nilikupigia, akapokea Constantine. Anasema umelala. Anasema hamkwenda kwenye maonyesho. Ulikataa kupeleka kazi ambayo haijakamilika, mkagombana, na umerudia hatua ya tatu yote peke yako, pigo kwa pigo, na karatasi yangu umeibandika ukutani. Aliongea kama mtu anayenilaumu. Nilimwacha alaumu.

Nilikaa karibu na baba nikacheza. Panzi alifika ukingoni mwa mtaro. Ngoma ikanyamaza. Sikugusa. Baba alikuwa ameinua mkono wa kushoto, wote, siyo kidole. Akaushusha, ngoma ikagonga, panzi akaruka mara mbili na simbi ya saba ikawa yangu. Kioo kikawa cheusi, yakatokea maandishi:

*Ngoma: Mashimba wa Kasoli.*
*Kimya: Mektilda.*

Nilimsomea baba. Alitaka asikilize tena, bila mchezo. Mwishoni akasema, "Huyu amelima." Sikumwambia ni nani, alijua. Kisha akauliza, "Na mtoto yuko wapi?"

Nikamwambia anakuja. Sasa usinifanye mwongo mbele ya mgonjwa. Mabasi ya Bariadi yapo kila siku, na kiti hakihitaji kipaji.

Ng'ombe bado ana miguu ya mbuzi. Ukija nitakuonyesha ng'ombe.

Dada yako,
Kabula

Baba amelala saa mbili. Mimi nazima taa saa tatu kasoro kumi.