Buibui wa Ndani ya Bunda la Mama

Kariakoo, Dar es Salaam

Mama yangu,

Shikamoo. Mgongo unasemaje? Ile dawa ya kuchua imekusaidia, au umempa shangazi yote kama kawaida yako? Mimi ni mzima, namshukuru Mungu, ila joto la huku limenikomesha. Nakuandikia badala ya kupiga simu kwa sababu wewe ukipokea simu unaweka spika, na hili sitaki kijiji kizima kilisikie kabla yako.

Nimemkosea Bi Mwanaidi.

Ndiye yule mama wa meza ya jirani niliyekusimulia, aliyenigawia nusu ya kivuli chake nilipofika sina hata pa kutandika. Naye anauza mikeka kama mimi, ila yake inatoka Tanga. Wiki tatu zilizopita mteja mmoja wa Upanga alikuwa anaukunjua mkeka wako, buibui akachomoka, akapita juu ya mkono wake, akapotea. Yule dada alipiga ukelele mpaka wauza vitenge wakasimama.

"Dada, mnatuuzia wadudu?"

Mama, niliingiwa na hofu, ulimi ukanitangulia. "Huyo si wa kwangu, katokea kwa jirani."

Bi Mwanaidi hakusikia, alikuwa ameenda kuswali. Wateja walisikia, na maneno ya Kariakoo unayajua. Siku zilizofuata watu wakawa wanaipita meza yake kwa mbali na kuja kwangu, na mimi nikanyamaza.

Ila yule buibui hakunitoka akilini. Nikaanza kumtafuta. Kwa Bi Mwanaidi nilikuta wale wa miguu kama nyuzi tu, wananing'inia kwenye utando chini ya meza. Wangu hakuwa na utando popote. Nilipomwona tena, nikasogeza mkono, akakimbia ubavu ubavu kama kaa, juu ya nailoni laini ninayofunikia meza bila kuteleza, mara huku, mara kule, macho hayamfuati.

Wiki jana akaja mwalimu mmoja wa baiolojia kutafuta mkeka wa kuswalia. Nikamwonyesha yule buibui, alikuwa ametulia juu ya meza. Badala ya kukimbia, aliomba glasi yangu ya chai akamfunika nayo.

"Tulia umtazame vizuri," akaniambia. "Wapo buibui kaa wanaokaa kwenye maua wakivizia. Wale miguu yao minne ya mbele ni minene na mirefu, ya nyuma mifupi. Huyu je?"

Nikainama. Mwili bapa, rangi ya ukindu mkavu unaosukia mikeka. Miguu yote myembamba, imetandazwa pembeni, inakaribiana urefu, isipokuwa jozi ya pili kutoka mbele imeizidi mingine.

"Hapo hapo," akasema. "Huyo ni buibui kaa mkimbiaji. Hategi utando, anawinda kwa mbio zake. Na wala hana shida na mtu."

Nikampiga picha kwa simu, nikaikuza. Macho manane madogo madogo, hakuna mawili makubwa ya mbele kama ya wale wanaoruka. Miaka yote nimeishi na buibui na sijawahi kuwahesabu macho!

Alikotoka nimejua juzi. Nilifungua bunda la mwisho ulilotuma, kamba yake ikiwa bado na fundo lako la mizunguko mitatu ambalo hakuna mwingine anayelifunga. Katikati, kwenye mshono wa mkeka, alikuwepo mmoja wa aina ile ile, amejilaza juu ya kifuko cheupe cha mayai. Nikasogeza kidole. Mkimbiaji yule hakukimbia.

Nililia, Mama. Nikamwita Bi Mwanaidi aone, nikamweleza yote.

"Kumbe ndiyo maana," akasema. "Mimi nilidhani nimerogwa."

Kisha akaniambia, "Wewe Somoe, ungesema tu buibui ni wako, tungemfukuza sote. Sasa wateja wangu nani atawarudisha?"

Tangu siku hiyo kila anayesimama kwangu namweleza kwamba buibui alikuwa wangu, halafu nampeleka kwa Bi Mwanaidi aangalie mikeka yake kwanza. Wengine wananicheka, wengine wananunua. Bi Mwanaidi chai yangu anapokea, ila sasa ananiita "jirani". Zamani aliniita "mwanangu".

Mkeka wenye mayai nimeuweka pembeni, siuuzi mpaka watoto watoke. Nawe ukiingia stoo, kung'uta mikeka kabla ya kuifunga, na ukimwona, mtazame ile jozi ya pili kisha uniambie kama ndiye.

Msalimie kaka mkubwa, shangazi mla dawa za watu, na bibi, mwambie kanga yake ninayo.

Nina ombi moja. Nisukie mkeka wa kumpa Bi Mwanaidi, ule mpana wa rangi tatu. Uufunge kwa fundo lako. Sitalifungua mimi, nitamwachia alifungue mwenyewe, awe wa kwanza kuona kilichomo.

Binti yako mwenye ulimi mwepesi,
Somoe